Kichina cha Akong

Juzi niliingia katika duka moja la vyakula vya Wachina kule Nyali, na kabla sijafika hata kwenye rafu ya kwanza harufu ikanisimamisha. Kijana wa duka alikuwa ameangusha chupa ya mboga za kuchachusha, na maji yake ya chumvi yalikuwa yakitambaa sakafuni kuelekea mlangoni. Ni harufu kali, ya chumvi na uchachu na udongo uliolowa, na wengi wakiisikia mara ya kwanza hufunika pua. Mimi nilivuta pumzi. Nikamwambia mwenye duka, "Kiamchai." Akanitazama. Nikarudia. Akaitazama ile chupa iliyovunjika, kisha akasema taratibu, kama mtu anayemsaidia mgeni, "Suantsai." Nikalipia chupa nyingine nikatoka, na njia nzima nilikuwa nimenuna, ingawa mwenye duka hakuwa na kosa lolote.

Kununa huko ni kwa zamani. Kulianzia Miritini, nyuma ya nyumba yetu, wakati reli mpya inajengwa. Nyinyi wa rika langu mliokulia upande ule mtakumbuka: vumbi jekundu juu ya nguo zilizoanikwa, malori yasiyokwisha, na Wachina wakipita barabarani huku sisi watoto tukiwafuata nyuma, tukiwaimbia maneno tuliyoyabuni wenyewe na kuamini kwamba ndiyo Kichina. Ubavuni mwa nyumba yetu palikuwa na yadi ndogo ya kuegesha mashine. Haikuwa kambi kubwa; ilikuwa ya watu waliopewa vijikazi vya pembeni. Kaka yangu Salimu alikuwa kibarua pale, akiosha malori na kuyatia grisi. Baba alikuwa ameshafariki, Mama akiuza mahamri na mbaazi asubuhi, na mshahara wa Salimu ndio uliotuweka mjini. Salimu mwenyewe alikuwa kijana wa kujivunia kazi yake. Alipiga pasi hata ovaroli.

Nyuma ya jiko la yadi ile, upande wa pili wa seng'enge yetu, mpishi wao alikuwa amelima kijishamba cha mboga. Alikuwa mzee mwembamba, mwenye meno machache na sauti kubwa kuliko mwili wake. Siku ya kwanza niliyomsalimu alijigusa kifua akasema, "Akong." Nikadhani ni jina lake, na nyumbani sote tukamwita hivyo. Ilichukua miaka kabla sijajua kwamba kwao Akong ni babu tu, babu yeyote.

Bibi yangu, mamake Mama, ndiye aliyeanzisha habari ya sahani. Bibi alikuwa mtu wa Mvita wa kale, na kwake yeye jirani hakuchaguliwa kwa dini wala kwa sura ya macho. Siku tuliyopika pilau ya hitima ya Baba alipakua sahani, akaifunika kwa kawa, akaniita.

"Abee Bibi."

"Mpelekee yule mzee wa Kichina. Mtu yuko ubavuni mwako, wewe wala, yeye yuwanusa tu, ni ujirani gani huo?"

Nikampitishia Akong sahani pale seng'enge ilipolegea. Aliipokea kwa mikono miwili. Kesho yake ikarudi imeoshwa, juu yake kuna fungu la mboga za majani mapana. Bibi alifurahi kupita kiasi. Kwetu sahani ya jirani hairudishwi tupu, na huyu mtu wa mbali alilijua hilo bila kufundishwa. Au pengine kwao ni vivyo hivyo. Tangu hapo sahani ikawa inakwenda na kurudi. Mboga mbichi zilipokelewa bila maneno. Ila siku alipotuletea kiamchai, majani yaliyolala katika chumvi mpaka yakawa manjano, Mama alikataa yasiingie jikoni.

"Na hicho chungu chake kimepikiwa nini, mwajua nyinyi?" Mama akauliza.

Bibi akanituma nikaulize kama humo mna nguruwe. Sikuwa na neno la nguruwe kwa Kichina, basi nikakoroma. Akong alicheka mpaka akashika seng'enge. Akaniita nipenye pale seng'enge ilipolegea, akanionyesha mtungi, chumvi na majani, akageuza mikono kuonyesha kwamba hamna kingine. Nikarudi kuapa wallahi ni majani matupu. Bibi akala kidogo na wali, akasema inafanana na achari ya mtu aliyekosa ndimu. Mimi nikaipenda mapenzi ya ajabu.

Hivyo ndivyo nilivyojifunza Kichina, kwa sahani. Maneno yangu yote yalikuwa ya kula na kukaa. Kula ilikuwa tsiah. Keti ilikuwa tse. Mimi ilikuwa gua, yeye ilikuwa i. Maji yalikuwa tsui na chai ilikuwa te, jambo ambalo lilinichekesha kwa sababu kila mtu alisema chai ilitoka kwao, nao wenyewe eti wanaiita kwa jina la Kizungu. Akong alinirekebisha bila kuchoka. Nikikosea sauti alijifanya kiziwi, nikipatia alinimegea kitu. Baada ya muda tukawa tunaelewana vizuri tu, kwa habari za chakula, mvua, na nani amekaa wapi. Mtaani nikapata jina la Mwana Mchina, nami nikatembea kifua mbele.

Kuna jambo moja lakini nililiona na nikalielewa kombo. Akong hakuzungumza na wenziwe. Wakati wa chakula aliwapakulia, wao wakala pamoja wakicheka, yeye akaenda kuketi peke yake juu ya ndoo iliyopinduliwa kule nyuma. Wakitaka chumvi walimwonyesha kwa kidole. Yeye akitaka kuni alifanya ishara ya kukata. Kwa akili yangu ya kitoto nikaona wamemsusia. Nilidhani alifanya kosa kubwa huko kwao na ameadhibiwa asisemeshwe. Nilimhurumia, nikamwambia Bibi, na Bibi akaongeza mchuzi.

Ukweli ulikuwa mwepesi na hakuna aliyetueleza. Kichina si kimoja. Leo nasoma Kichina katika darasa la jioni, na hili ndilo jambo la kwanza nililomuuliza mwalimu wetu. Watu wa kaskazini wana chao, ambacho ndicho cha shule na ofisi na televisheni. Watu wa Shanghai wana chao, wa Guangdong wana chao, na watu wa pwani ya Fujian, alikotoka Akong, wana chao kingine kabisa. Wao wenyewe huziita lahaja, na mimi nilipolisikia neno hilo nilidhani ni kama Kimvita na Kiamu, ambapo tunachekana matamshi lakini habari zinafika. Si hivyo. Ni kama kumweka mzee wa Kidigo na mzee wa Kijaluo chumba kimoja na kuwaambia nyote ni Waafrika, zungumzeni. Kijana aliyepita shule hujua cha kwao na cha serikali. Akong hakupita shule. Cha serikali alikuwa amekiokoteza ukubwani, maneno ya sokoni tu, na akipandwa na hasira hata hayo yalimkimbia.

Kama kuna mtu aliyepaswa kuligundua hilo, ni mimi. Nyumbani Bibi alikuwa akinikanya nisiseme Kiswahili cha bara, na shuleni mwalimu aliyetoka bara alikuwa akinipigia mstari mwekundu Kiswahili cha Bibi. Lakini mtoto huona yanayompata yeye ni yake peke yake.

Sasa niseme kilichotokea, na ninakereka hata kukisema.

Ilikuwa Ramadhani. Vibarua walikuwa wakitoka kazini alasiri inapoelekea kwisha, na Salimu alikuwa akifuturu nyumbani nasi. Siku ile Mama alikuwa amenipeleka kwa shangazi Magogoni, kwa hiyo kazi ya sahani ikamwangukia Salimu. Bibi alimpa futari ya Akong, viazi vya nazi na tambi, na kwa kuwa kulikuwa na bakuli la uji wa moto lisilopita kwenye seng'enge, Salimu akapita langoni. Mlinzi akamwona akirudi ndani. Akong hakumwachia aondoke. Alimkalisha juu ya ndoo ya pili, adhana ikalia, wakafuturu pamoja huko nyuma ya jiko, tende na viazi na uji, mpaka wakamaliza. Kisha Salimu akaja zake nyumbani.

Asubuhi betri za malori mawili hazikuwapo. Mlinzi akasema wazi kwamba magharibi aliondoka kidogo kwenda kutafuta maji ya kufuturu, na mtu wa mwisho aliyemwona akiingia ni Salimu.

Nilikuwa nimesharudi, na ilikuwa siku isiyo ya shule. Tulisikia zogo, tukatoka. Mama alisimama langoni na mtandio wake, Bibi nyuma yake, mimi nikapenya mbele. Meneja wa yadi, Mchina wa makamo asiyependa makelele, alikuwa amesimama kivulini na mkalimani wake, kijana wa Kikenya kutoka bara aliyesomea Kichina chuoni. Salimu alikuwa mbele yao na ovaroli yake iliyopigwa pasi.

"Jana jioni ulirudi kufanya nini?" mkalimani akamuuliza.

"Nilimletea mzee futari. Nikaketi naye jikoni mpaka tukamaliza. Muulizeni mwenyewe."

Ndiyo maana siwezi kumlaumu meneja kama ninavyotaka. Alitafsiriwa, akafikiri, akaamuru mpishi aitwe. Nilipomwona Akong akija huku akijifuta mikono nilipumua. Nilijua yamekwisha. Shahidi mwenyewe amekuja, na wa kumsikiliza ni Mchina mwenziwe.

Akong alisikiliza swali la meneja na paji la uso limekunjamana. Alielewa nusu, nadhani. Alielewa wizi, na alielewa Salimu. Basi akalipuka. Alianza na maneno mawili matatu ya sokoni, kisha akatumbukia katika lugha yake na hakutoka tena. Alisema kwa sauti yake ile kubwa, akimwelekezea Salimu kidole, akitikisa kichwa, akipiga chini kwa mguu. Na mimi nilimwelewa. Hayakuwa maneno mageni. Yalikuwa maneno yetu yaleyale. I tse. Gua tsiah, i tsiah. Alikuwa akisema huyu aliketi hapa, mimi nilikula, yeye alikula, tulikuwa pamoja. Alirudia, akaonyesha ndoo, akaonyesha mdomo wake, akamwonyesha tena Salimu kidole.

Meneja akamgeukia mkalimani. Mkalimani akainua mabega. Mafundi wengine wawili watatu wa Kichina wakaanza kuchekea pembeni, kicheko cha watu wanaosikia ushamba.

"Huyu mzee sijui anaongea nini," mkalimani akatuambia. "Hii si Kichina yenye nilisoma. Hata bosi haielewi."

Nikapiga kelele kutoka langoni. "Yuwasema alikuwa naye! Yuwasema waliketi pamoja wakila!"

Mkalimani akaniangalia. Hakuwa mtu mbaya, alitabasamu. "Na wewe umejua Kichina lini?"

Nikamwambia maneno yenyewe, tse, tsiah, gua, nikayatamka kama Akong alivyonifundisha. Akanisikiliza kwa heshima, nalikumbuka hilo, kisha akatikisa kichwa. "Kula ni chi. Kuketi ni tsuo. Hayo yako ni ya kujitungia, mrembo." Watu wakacheka. Mama akanivuta mkono nyuma.

Meneja akatoa kalamu mfukoni na kipande cha karatasi, akamnyooshea Akong. Leo naelewa alichokuwa akifanya, na kilikuwa kitu cha busara. Wachina wanaoshindwa kuelewana kwa mdomo huweza kuandikiana, kwa sababu maandishi yao ni mamoja hata kama midomo ni mbalimbali. Angeliandika mstari mmoja tu pale na Salimu angelirudi kwenye malori yake. Lakini Akong aliitazama ile kalamu, uso ukambadilika, akaisukuma kwa kiganja. Akarudi nyuma.

Hakujua kuandika. Mzee mzima, mbele ya wale vijana waliokuwa wakimcheka, angesemaje kwamba hajui? Meneja aliona mtu aliyepewa nafasi ya kutoa ushahidi na akakataa kutia mkono wake. Akasema neno fupi. Mkalimani akamwambia Salimu achukue vitu vyake, na ashukuru kwamba polisi hawaitwi.

Lililoniuma zaidi lilikuwa nyumbani. Salimu alivua ovaroli akaikunja, akakaa barazani. Kwetu sisi mtu akikunyooshea kidole mbele ya watu huku amefura, amekushitaki. Hakuna maana nyingine. Salimu hakuwa na hata neno moja la Kichina. Alichokiona ni mzee aliyekula naye jana akimsonta mbele ya bosi na kutikisa kichwa kwamba hamjui.

"Nimefuturu naye sahani moja," akasema. "Kanigeuka mchana kweupe."

"Hakukugeuka, kaka. Alisema mlikula pamoja. Nilimsikia."

"Wewe nyamaza."

"Alisema i tse, maana yake aliketi, na..."

"Mama, mwondoe huyu mtoto hapa."

Nikajaribu jioni, nikajaribu kesho yake. Nilimfuata hadi kwenye birika la kutawadhia. Mama akanikemea kwamba natonesha kidonda. Bibi alitaka kuniamini, nililiona machoni mwake, lakini alipofunika sahani ya futari ya Akong, Salimu alisimama mlangoni. "Sahani hiyo ikipita kwa yule mtu, Bibi, mimi natoka nyumba hii." Bibi akaiweka chini. Mara mbili niliona fungu la mboga limewekwa kwenye seng'enge upande wetu, na mara zote mbili mbuzi wa jirani ndio waliolila. Akong alikuwa akisimama nyuma ya jiko akiangalia. Sikuthubutu kwenda. Haikupita muda yadi ikahamishwa, mashine na watu wake, kule kwingine kulikohitaji reli.

Betri hazikupatikana kamwe. Mtaani jina likabaki. Vijana wa maskani walikuwa wakimwona Salimu anapita wanaulizana kama kuna gari lisilowaka. Kila alikoomba kazi palitokea mtu aliyesikia. Mwishowe alikwenda Utange kwa mjomba, akafyatua matofali, akaoa huko. Aliyekuwa akipenda injini hakushika injini tena.

Mwezi uliopita nilikwenda kumtembelea. Watoto wake walikuwa wakinitaka niseme Kichina cha darasani, nikasema, wakacheka. Salimu hakucheka. Walipoondoka nikamweleza yote, polepole, kama nilivyowaeleza nyinyi: lugha za kaskazini na za pwani, wazee wasiosoma, kalamu ile. Nikamwambia kwamba mwalimu wangu mwenyewe, msomi wa kaskazini, nilipomtamkia maneno ya Akong alisema ni ya Fujian na kwamba hata yeye angehitaji kutafsiriwa. Nikamtamkia Salimu maneno yenyewe na maana yake, moja moja.

Alichokonoa simenti iliyoganda kwenye ukucha.

"Kwa hiyo alinitetea," akasema.

"Alikutetea mpaka sauti ikamkauka."

"Na mimi nikamkatia sahani." Akainua macho, nayo yalikuwa na hasira, na hasira hiyo ilikuwa inanitazama mimi. "Mbona hukunambia?"

"Nilikwambia, kaka."

"Ungenambia vizuri, nikaelewa. Mambo ya Kichina mimi ningejulia wapi?"

Akong nimekwisha msamehe kwa kutoeleweka, na meneja, na yule mkalimani na cheti chake. Wale walikuwa na lugha zinazopishana. Mimi nilimwambia kaka yangu barazani kwetu, tumezaliwa tumbo moja, na nilimwambia kwa Kiswahili.